Mabonde ya Makaa: Wachimbaji wa Wales Kusini na Chama Chao

Mwaka 1851 bonde lote la Rhondda, kusini mwa Wales, lilikuwa na watu wasiofika 1,000, wengi wao wafugaji wa kondoo. Miaka 60 baadaye sensa ilikuta humo watu zaidi ya 150,000. Walibanana katika nyumba za mawe zilizopangwa safu kwa safu ubavuni mwa mlima, na ilikuwa vigumu kupata nyumba isiyokuwa na mtu aliyeshuka shimoni alfajiri. Kilichowavuta ni makaa ya mawe yenye joto kali na moshi haba, ambayo Jeshi la Majini la Uingereza liliyapenda kuliko mengine yote. Yalipelekwa Port Said, Aden na vituo vingine vya kujazia stima, na manowari zilizolinda masilahi ya Waingereza katika Bahari ya Hindi, tangu Ghuba hadi Unguja, zilitembea kwa moto wake.

Historia ya manowari hizo tumeisoma sana. Ya waliozichimbia moto tumeisoma kidogo. Ni hiyo ninayoisimulia hapa, kwa sababu mambo mengi ambayo mfanyakazi wa leo anayaona ya kawaida, kama kima cha chini cha mshahara, bafu kazini, au daktari asiyedai fedha kabla ya kumgusa mgonjwa, yaligombewa na watu hawa moja baada ya jingine. Na karibu kila moja lilikuja baada ya mazishi.

Duka la tajiri, 1831–1842

Kabla ya makaa kuwa biashara yenyewe, yalichimbwa kulisha tanuri za chuma. Merthyr Tydfil, uliokuwa mji mkubwa kuliko yote Wales, uliishi kwa tanuri hizo. Tajiri wa chuma alimiliki mgodi na nyumba aliyolala mfanyakazi. Katika mabonde mengi alimiliki pia duka la chakula, na mshahara ukalipwa kwa vyeti ambavyo havikupokelewa popote ila katika duka lile, kwa bei aliyopanga mwenyewe. Deni la mwezi huu lilikatwa kwenye malipo ya mwezi ujao. Mtu aliweza kutumika mwaka mzima asishike fedha halisi mkononi.

Juni 1831, mishahara ilipopunguzwa na mahakama ya madeni kuanza kutwaa vyombo vya watu majumbani, Merthyr ililipuka. Wafanyakazi waliushika mji kwa siku kadhaa wakiwa na bendera nyekundu. Askari walifyatua risasi katikati ya umati na kuua watu zaidi ya kumi. Serikali ilitaka mtu wa kumfanya mfano, ikampata kijana mchimbaji, Richard Lewis, ambaye watu walimwita Dic Penderyn. Alishitakiwa kumjeruhi askari mmoja mguuni. Askari alipona na hakuweza kumtambua mshitakiwa, na watu zaidi ya 11,000 walitia sahihi ombi la kumwokoa, lakini alinyongwa Cardiff tarehe 13 Agosti mwaka huohuo. Wales haijamsahau hadi leo.

Wakati huo watoto walikuwa wakishuka shimoni pamoja na wazazi wao. Kazi ya mtoto mdogo ilikuwa kukaa nyuma ya mlango wa mbao unaoelekeza hewa, akiufungua kila gari la makaa linapopita na kuufunga upesi gesi isije ikajikusanya. Alikaa gizani saa 12, mara nyingi bila taa, kwa sababu mshumaa uligharimu fedha na mzazi ndiye aliyetakiwa kuununua. Tume ya Bunge iliwahoji watoto hao, na ripoti yake ya 1842, iliyochapishwa pamoja na picha za kuchora, iliwashtua wasomaji wa London. Mwaka huohuo sheria ilipiga marufuku wanawake na wasichana wote, na wavulana walio chini ya miaka 10, kufanya kazi chini ya ardhi. Mkaguzi wa kuisimamia alikuwa mmoja tu kwa nchi nzima, na familia zilizotegemea ujira wa wale walioondolewa hazikupewa chochote badala yake.

Makaa yashuka bandarini, 1855–1898

Desemba 1855 treni ya kwanza ya makaa ya stima kutoka Rhondda iliondoka Treherbert kwenda Cardiff. Baada ya hapo kila kitu kilikwenda mbio. Mabonde yalipasuliwa, reli zikatandikwa, na watu wakamiminika kutoka mashamba ya Wales, kusini magharibi mwa Uingereza, Ireland, hata Italia na Hispania. Gati za Cardiff zilipoelemewa, mfanyabiashara David Davies alijenga bandari yake Barry, ikafunguliwa mwaka 1889. Kufikia 1913 Barry ilipakia tani zipatazo milioni 11 kwa mwaka, na migodi yote ya Wales kusini ilitoa tani karibu milioni 57.

Makaa yakipanda bei, wenye migodi walitajirika. Yakishuka, mchimbaji ndiye aliyebeba hasara. Tangu 1875 mshahara ulifungwa kwenye bei ya makaa sokoni kwa mfumo wa kupanda na kushuka, na wenye mali walikuwa na uhuru wa kuuza kwa bei ya chini wakijua kwamba nakisi itakatwa mifukoni mwa wafanyakazi. Kiongozi wa wachimbaji wa zama zile, William Abraham, aliyejulikana kwa jina la Mabon, aliamini katika maelewano. Alikuwa mwimbaji na mtu wa kanisa, na inasemekana mkutano ukichafuka aliwaanzishia watu wimbo wa dini hadi wakatulia. Aliwapatia wachimbaji Jumatatu moja ya mapumziko kila mwezi, wakaiita siku ya Mabon.

Maelewano yalikoma mwaka 1898. Wachimbaji walidai nyongeza, na wenye migodi wakafunga mageti kwa miezi sita. Watu waligawanyika katika vyama vidogo vidogo, kila bonde na lake, bila akiba ya kutosha. Walirudi kazini wameshindwa, na siku ya Mabon ikafutwa. Lakini njaa ya miezi ile iliwafundisha kilichopungua. Oktoba mwaka huohuo waliunda Shirikisho la Wachimbaji wa Wales Kusini, Mabon akiwa rais wa kwanza, na ndani ya mwaka mmoja wanachama walipita 100,000.

Tonypandy, 1910–1912

Ili kuelewa mgogoro wa Tonypandy ni lazima kwanza kuelewa jinsi mchimbaji alivyolipwa. Alilipwa kwa tani ya makaa makubwa aliyopeleka juu. Hakulipwa kwa makaa madogo na vumbi. Kutoa mawe na kusimamisha magogo ya kuzuia paa kulikuwa na malipo madogo au hakukuwa na malipo kabisa. Akipangiwa sehemu yenye maji, au tabaka jembamba lililojaa mawe, aliweza kutoka jasho siku nzima na kupata nusu ya ujira wa mwenzake wa jirani. Hapo alimwendea msimamizi kuomba afikiriwe. Kipato cha familia nzima kilitegemea hisani ya mtu mmoja mwenye daftari.

Mwaka 1910, katika mgodi wa Ely huko Penygraig, uliokuwa chini ya kampuni kubwa ya Cambrian, tabaka jipya lilifunguliwa. Wachimbaji wapatao 70 walilijaribu, wakasema bei iliyotolewa kwa tani haiwezi kumlisha mtu, maana tabaka lina mawe mengi. Kampuni ikasema wanazembea makusudi, na tarehe 1 Septemba ikawafungia kazi watu zaidi ya 900 wa mgodi wote, wakiwamo wasiohusika. Kufikia Novemba wachimbaji 12,000 wa kampuni hiyo walikuwa wamegoma.

Usiku wa tarehe 8 Novemba, baada ya mapigano na polisi mbele ya mgodi, umati ulivunja vioo vya maduka ya barabara kuu ya Tonypandy. Mchimbaji mmoja, Samuel Rhys, alikufa kwa jeraha la kichwa. Waziri wa Mambo ya Ndani, Winston Churchill, alituma polisi kutoka London, kisha askari wa jeshi. Wapo wanaomtetea kwamba alisita kutuma jeshi, na ni kweli alisita siku ya kwanza. Lakini jeshi lilikuja, likakaa mabondeni kwa miezi, na likawapa wenye migodi kinga waliyoihitaji hadi njaa ifanye kazi yake. Agosti 1911 wachimbaji walikubali masharti waliyokuwa wameyakataa mwanzoni.

Kwa hesabu ya karibu walishindwa, ila hoja yao ilishatoka nje ya Rhondda. Machi 1912 karibu wachimbaji milioni moja wa Uingereza nzima waligoma wakidai kiwango ambacho mshahara hautashuka chini yake, na Bunge likapitisha sheria ya kima cha chini migodini. Mwaka huohuo vijana wa Tonypandy, akiwamo Noah Ablett, walitoa kijitabu kilichotaka wachimbaji waiendeshe sekta yao wenyewe na viongozi wa chama wawajibike kwa wanachama. Wazee wa Shirikisho hawakukipenda. Kizazi kizima cha viongozi kililelewa nacho.

Senghenydd, 14 Oktoba 1913

Mgodi wa Universal huko Senghenydd ulijulikana kuwa na gesi nyingi. Mwaka 1901 mlipuko uliua watu 81 humo. Mwaka 1911 sheria mpya iliagiza kila mgodi uwe na feni inayoweza kugeuza mwelekeo wa hewa haraka, ili moto ukitokea upande mmoja moshi usisukumwe kuelekea walipo watu. Wenye migodi walipewa muda, kisha wakaongezewa muda hadi Septemba 1913. Septemba ikapita, na Universal bado haukuwa na uwezo huo.

Asubuhi ya tarehe 14 Oktoba, muda mfupi baada ya saa mbili, watu wapatao 950 wakiwa chini, gesi ililipuka. Mlipuko uliinua vumbi la makaa, vumbi likashika moto, na moto ukakimbia njia za upande wa magharibi. Wengi hawakuuawa na moto bali na hewa ya sumu iliyobaki nyuma yake. Waokoaji walizuiwa na miali kwa saa nyingi. Kwa kuwa hewa haikuweza kugeuzwa, moshi uliendelea kusukumwa kule kule walikokwama watu. Waliokufa ni wachimbaji 439, na mwokoaji mmoja akafanya jumla kuwa 440. Wanane kati yao walikuwa na umri wa miaka 14. Wajane walizidi 200 na watoto waliopoteza baba walizidi 500, katika mji ambao mtu aliweza kuuvuka kwa miguu kwa dakika chache. Hii ndiyo ajali mbaya kuliko zote katika historia ya migodi ya Uingereza.

Kesi ilifika mahakamani. Meneja alipatikana na hatia ya kuvunja sheria za usalama, akatozwa faini ya pauni 24. Kampuni, baada ya rufaa, ilitozwa pauni 10. Gazeti la Merthyr lilipiga hesabu ya faini ya meneja kwa idadi ya marehemu: kila roho ilitoka kwa shilingi moja na peni moja na robo. Mgodi ulifunguliwa tena kabla ya mwaka kwisha. Wanaume waliobaki hawakuwa na kazi nyingine, wakashuka.

Beseni mbele ya jiko

Tukiishia kwenye ajali kubwa na migomo, tutawakosa wanawake wa mabonde, nao walikuwa na kazi yao nzito. Mchimbaji alirudi nyumbani mweusi kutoka utosini hadi kisigino, nguo zimelowa jasho na maji ya mgodi. Mkewe alichota maji, akayachemsha kwenye jiko la makaa, akayamimina ndani ya beseni la bati sakafuni mbele ya moto. Kama nyumba ilikuwa na baba na wana watatu wa zamu tofauti, kazi hiyo ilirudiwa tangu alfajiri hadi usiku, pamoja na kukausha nguo na kupika. Watoto wadogo waliungua kwa maji ya moto, na wanawake wajawazito waliharibikiwa mimba kwa kubeba ndoo nzito.

Elizabeth Andrews, binti na mke wa mchimbaji kutoka Rhondda, alilipeleka jambo hilo mbele ya tume ya serikali mwaka 1919, katika jengo la Bunge huko London. Alidai bafu zijengwe mgodini kwa ajili ya afya ya wanawake na watoto. Mwaka 1920 sheria ikaanzisha mfuko wa ustawi uliotozwa peni moja kwa kila tani ya makaa, na mfuko huo ndio uliojenga bafu nyingi za migodini.

Mengine waliyajenga wenyewe kwa makato ya hiari. Karibu kila mji wa mgodi ulikuwa na jumba la wachimbaji: ukumbi wa mikutano, chumba cha magazeti, na maktaba ambayo vitabu vyake vilinunuliwa kwa peni za wanachama. Kufikia miaka ya 1930 maktaba hizo zilizidi 100. Humo mtu aliyeacha shule na umri wa miaka 13 alisoma uchumi, historia na riwaya za Kirusi, akatoka kwenda kubishana na meneja bila kutetereka.

Huko Tredegar wafanyakazi walianzisha chama cha matibabu mwaka 1890. Kila mwanachama alikatwa peni tatu katika kila pauni ya mshahara. Kwa fedha hizo chama kiliajiri madaktari, wauguzi na daktari wa meno, kikatoa miwani na miguu ya bandia, na kikawahudumia pia wake, watoto na wasio na kazi. Mwishowe karibu mji wote ulikuwa chini ya mwavuli wake. Kijana mmoja wa mji huo, Aneurin Bevan, aliingia mgodini akiwa na miaka 13, akajisomea katika maktaba ya wachimbaji, akamwona baba yake akifa kwa vumbi la mapafu mwaka 1925, kisha akaingia Bungeni mwaka 1929. Alipokuwa Waziri wa Afya baada ya vita, alianzisha huduma ya afya ya taifa tarehe 5 Julai 1948, matibabu kwa kila mtu bila kulipa pale anapotibiwa. Mwenyewe alisema wazi kwamba alitaka kuipa nchi nzima kile ambacho Tredegar ilikuwa nacho. Sijui urithi mwingine wa wachimbaji unaofikia huo.

Miaka ya njaa, 1921–1939

Vita Kuu ya Kwanza ilipokwisha, Wales kusini ilikuwa na wachimbaji wapatao 270,000. Serikali, iliyokuwa imeishika migodi wakati wa vita, iliirudisha kwa wenyewe mwaka 1921. Meli zilikuwa zimeanza kutumia mafuta, Ujerumani na Poland zikauza kwa bei ya chini, na mwaka 1925 Churchill, sasa akiwa Waziri wa Fedha, aliirudisha pauni kwenye kiwango cha dhahabu kwa thamani ya juu iliyofanya makaa ya Uingereza kuwa ghali nje. Wenye migodi walikuwa na dawa ile ile: kupunguza mshahara na kuongeza saa.

Mei 1926 wachimbaji wote walifungiwa kazi. Katibu wao, A. J. Cook, aliyeinukia Rhondda, alizunguka nchi akihutubia hadi sauti ikakauka. Vyama vingine viligoma ili kuwaunga mkono tangu tarehe 3 hadi 12 Mei, kisha viongozi wa shirikisho la vyama wakasitisha mgomo bila dhamana yoyote kwa wachimbaji. Hawa walibaki peke yao miezi mingine sita na zaidi. Majumba ya wachimbaji yaligeuzwa majiko ya supu, na vijana wakaunda bendi za mitaani kuchangisha fedha. Mwanzoni mwa Desemba Wales kusini ilikubali yaishe. Wengi waliokuwa mstari wa mbele hawakuajiriwa tena.

Kisha ukaja ukosefu wa kazi. Katika miaka ya 1930 zaidi ya nusu ya wafanyakazi wa Merthyr walikuwa bila ajira, na watu zaidi ya 400,000 waliihama Wales kati ya vita viwili. Wenye migodi waliunda chama chao cha bandia na kutoa kazi kwa waliokubali kujiunga nacho. Shirikisho lilijibu kwa njia ambayo haikuwa imetumika sana: Oktoba 1935 wachimbaji wa Nine Mile Point walishuka kazini wakakataa kupanda, wakakaa shimoni zaidi ya wiki moja, na wenzao wa migodi mingine wakafanya vivyo hivyo. Kidogo kidogo chama cha bandia kikafa.

Watu hao wenye njaa hawakujifungia katika shida yao. Zaidi ya 100 kutoka Wales, wengi wao wachimbaji, walikwenda kupigana upande wa Jamhuri ya Hispania, na zaidi ya 30 hawakurudi. Na walikuwa na rafiki mmoja ambaye msomaji wa Kiswahili anafaa kumjua: Paul Robeson, mwimbaji Mmarekani mweusi, mtoto wa mtu aliyezaliwa mtumwa. Mwishoni mwa miaka ya 1920 alikutana London na wachimbaji wasio na kazi waliotembea kwa miguu kutoka Wales wakiimba barabarani, akajiunga nao. Miaka michache baadaye, alipokuwa akisoma lugha za Kiafrika katika chuo cha London, Kiswahili kilikuwa miongoni mwazo. Filamu aliyoigiza kuhusu mabonde ya Wales ilitoka mwaka 1940. Marekani ilipomnyang'anya pasipoti kwa sababu ya siasa zake, wachimbaji walimwalika hata hivyo: Oktoba 1957 aliwaimbia kutoka New York kwa njia ya simu iliyopita chini ya bahari, nao maelfu, katika ukumbi wa Porthcawl, wakamwimbia kumjibu.

Bendera ya taifa na mlima wa kifusi, 1947–1966

Tarehe 1 Januari 1947 migodi yote ilitaifishwa. Bendera zilipandishwa na vibao vikabandikwa kutangaza kwamba mgodi sasa unaendeshwa na Bodi ya Taifa ya Makaa kwa niaba ya wananchi. Wazee walilia. Shirikisho lilikuwa limeshakuwa tawi la chama kimoja cha nchi nzima, kilichoundwa mwaka 1945. Usalama uliboreka na likizo ya malipo ikawepo. Ugonjwa wa vumbi la makaa, ambao kwa miaka mingi uliitwa pumu tu, ulikubaliwa kulipwa fidia tangu 1943, na watafiti, akiwamo daktari Archie Cochrane, walipima vifua vya maelfu ya wanaume wa Rhondda Fach. Waliougua nchini, wengi mno walitoka Wales kusini.

Lakini mameneja wa zamani walibaki ofisini, na Bodi, ingawa ilikuwa ya umma, ilijifunza kutosikia. Juu ya kijiji cha Aberfan, mgodi wa Merthyr Vale ulimwaga kifusi mlimani. Lundo namba 7 lilianzishwa mwaka 1958 juu ya chemchemi zilizoonekana hata kwenye ramani. Maofisa wa halmashauri waliandika barua za tahadhari, wakitaja kwa jina shule iliyokuwa chini ya lundo. Hakuna hatua iliyochukuliwa.

Ijumaa tarehe 21 Oktoba 1966, saa tatu na robo asubuhi, watoto wa shule ya Pantglas wakiwa ndio kwanza wameketi madarasani, siku ya mwisho kabla ya mapumziko, lundo liliporomoka. Wachimbaji walipanda kutoka shimoni na koleo zao kuwachimbua watoto wao wenyewe. Baada ya saa tano asubuhi hakupatikana tena aliye hai. Walikufa watu 144, na 116 kati yao ni watoto.

Tume ya uchunguzi iliilaumu Bodi ya Makaa moja kwa moja. Hakuna aliyeshitakiwa, hakuna aliyefukuzwa kazi. Bodi ililipa pauni 500 kwa kila mtoto aliyekufa. Wananchi walipodai malundo mengine yaliyobaki juu ya kijiji yaondolewe, serikali ilichukua pauni 150,000 kutoka katika mfuko wa rambirambi uliochangwa na watu wa dunia nzima, kulipia kazi ambayo ilikuwa wajibu wa Bodi. Fedha hizo zilirudishwa mwaka 1997, bila riba. Katika historia yote hii sijaona tendo baya kuliko hilo, na lilifanywa na serikali ambayo wachimbaji waliipigia kura.

Kutoka ushindi hadi geti lililofungwa, 1972–1990

Mgomo wa 1972 ulishinda baada ya wiki saba, na ule wa 1974 ulichangia kuiangusha serikali ya Wahafidhina ya Waziri Mkuu Heath. Wahafidhina hawakusahau. Waliporudi madarakani chini ya Margaret Thatcher, walirundika akiba ya makaa kwenye vituo vya umeme na kubadili sheria za migomo. Machi 1984 Bodi ilitangaza mpango wa kufunga migodi 20 na kuondoa ajira 20,000. Arthur Scargill, rais wa chama, alisema mpango wa kweli ni mkubwa zaidi ya huo, na nyaraka za serikali zilizofunguliwa baadaye zilionyesha alisema kweli. Uamuzi wake wa kutopiga kura ya nchi nzima, hata hivyo, uliwapa maadui silaha na ukawagawa wachimbaji, hasa wa Nottinghamshire.

Wales kusini mwanzoni matawi mengi yalipinga kugoma. Mara mgomo ulipoanza, hakuna eneo lililoshikamana kama hilo: mwaka ulipokwisha, zaidi ya tisa kati ya kila kumi walikuwa bado nje. Mahakama ilikamata fedha za chama. Wanawake waliunda vikundi vya msaada, wakafunga vifurushi vya chakula kila wiki, kisha wakapanda majukwaani kuhutubia. Msaada ulitoka hata kusikotarajiwa: mashoga na wasagaji wa London waliwachangia watu wa bonde la Dulais fedha na gari, na mwaka 1985 wachimbaji wakaandamana nao London bendera za chama zikiwa mbele. Mgomo ulikuwa na aibu yake pia. Novemba 1984 wagomaji wawili waliangusha tofali la zege kutoka darajani, likamuua dereva wa teksi aliyekuwa akimpeleka mchimbaji mmoja kazini. Huyo naye alikuwa mfanyakazi mwenye familia.

Machi 1985 mgomo uliisha bila makubaliano. Wachimbaji wa Maerdy, ambako hakuna hata mmoja aliyevunja mgomo mwaka mzima, walirudi kwa maandamano, bendi ikipiga. Desemba 1990 Maerdy ulifungwa, na Rhondda ikabaki bila mgodi hata mmoja.

Tower na baada yake

Mgodi wa Tower, karibu na Hirwaun, ulifungwa mwaka 1994 kwa madai kwamba hauna faida. Wachimbaji 239, wakiongozwa na Tyrone O'Sullivan, walitoa pauni 8,000 kila mmoja kutoka katika kiinua mgongo chao, wakaununua, wakaufungua Januari 1995. Waliuendesha kwa faida kwa miaka 13, hadi makaa yalipokwisha mwaka 2008. Walichokiota vijana wa Tonypandy mwaka 1912 kilifanyika, katika mgodi mmoja, na kikafanya kazi.

Leo Wales bado ina malundo ya kifusi cha makaa zaidi ya 2,500. Februari 2020, mvua za kimbunga Dennis ziliporomosha lundo la Tylorstown, Rhondda, kifusi kikamwagika mtoni. Kwa bahati hakuna aliyekufa. Mwaka 2025 Bunge la Wales lilipitisha sheria ya kuyasimamia malundo hayo. Faida ya makaa iligawiwa zamani kwa wenye hisa, na gharama ya kuyazuia malundo yasiue tena imebaki kwa walipa kodi, wakiwamo wajukuu wa waliochimba. Hiyo si haki, na nchi yoyote inayofungua mgodi leo inapaswa kuandika kwenye mkataba, kabla ya tani ya kwanza kutoka, nani atakayeondoa kifusi.